Mgomba wa Bethwel

“Hebu tuambie, Mama Khisa,” Phelista aliniuliza tukiwa kwenye foleni ya mashine ya kusaga, akipaza sauti ili ishinde injini, “huyu marehemu wako alikuwa ndizi ya kupika ama ya kuiva?”

Injini ikazimika palepale, kana kwamba nayo ilitaka kusikia jibu. Wanawake waliokuwa mbele yangu wakainamia ndoo zao za mahindi, mabega yakitikisika kama ya watu wanaolia.

“Ya kupika,” nikasema. “Ya kuiva haikai.”

Wakaangua kicheko. Mimi pia nikacheka, nikapokea unga wangu, nikaenda. Ila nilipofika nyumbani niliketi jikoni bila kuwasha moto. Phelista ni jirani yangu; kati ya boma lake na langu kuna ua wa michongoma ambao ameupogoa upande wake mpaka umebaki mwembamba kama kitana, apate kuona vizuri. Nayajua maneno yake ya mchezo na nayajua ya kuuma. Lile lilikuwa la kuuma, na lilikuwa limetangulia tu kupima pa kung'ata.

Kweli nilizika mgomba. Si siri, wala kwetu si ajabu. Mtu akipotea kabisa, asionekane hai wala maiti, watu hukata mgomba wakauzika badala yake, ili kilio kipate mahali pa kukaa. Kwa miaka thelathini na miwili watu walipita kando ya lile kaburi wakanisalimu kwa heshima ya mjane. Kicheko kilianza mwaka 2022, siku msichana wa kamera alipokuja kijijini kwetu Sirisia.

Bethwel aliondoka mwaka 1980, akaenda Mombasa. Barua yake ya kwanza ilisema amepata kazi bandarini. Ya pili ilisema amepata meli. Ya tatu sikuiona. Wakati huo barua za kijiji zilipitia sanduku la chama chetu cha kahawa, na karani mwenye ufunguo alikuwa Wabwile, mdogo wake Bethwel. Kila Ijumaa nilimkuta shemeji yangu mlangoni pa ofisi akifuta miwani, na kabla sijafungua mdomo alikuwa ameshatikisa kichwa. Alitikisa kichwa hivyo kwa miaka kumi. Hata Ijumaa moja niliyokwenda kumwambia tu kwamba ng'ombe wake wameingia kwenye mahindi yangu, alitikisa kichwa kwanza.

Mwaka 1990 ulikuwa mwaka wa tohara. Mwanangu Khisa alikuwa ametimiza miaka kumi na minne, na alikuwa ameshaanza kuzunguka kwa wajomba na njuga zake akialika watu. Wazee wakaketi. Wakasema kijana hawezi kutoka mtoni asubuhi na matope ya tohara mwilini, aje asimame katika boma ambalo mwenyewe hajulikani kama yu hai au amekufa.

“Ama baba awepo,” wakasema, “ama kaburi lake liwepo.”

Baba hatukuwa naye. Tukachimba kaburi.

Wabwile mwenyewe ndiye aliyeshika panga. Akapita nyuma ya jiko langu akachagua mgomba mrefu kuliko yote, akauangusha kwa mapigo matatu. Fundi alikuwa ametengeneza jeneza la mtu wa kadiri. Mgomba ukagoma kuingia.

“Bethwel hakuwa mrefu hivyo,” nikasema.

“Kifo hurefusha mtu,” akanijibu mzee mmoja, bila hata kutabasamu.

Ikabidi Wabwile aukate pale ambapo pangekuwa miguu. Tukauvika koti la Bethwel la kanisani, na koti likaanza kulowa, maana mgomba uliokatwa hutoa maji, na shangazi zake wakapiga ukemi kwamba marehemu analia. Mchungaji wa wakati ule alikuwa amesema wazi kuwa hawezi kuombea ndizi. Basi akasimama kiupande, akitazama kibanda cha kuku, akawaombea wafiwa wote “pamoja na mimea yote uliyoiumba, Bwana.” Mimi nililia. Lakini aliyelia kuliko wote alikuwa Wabwile. Alishikwa na watu wawili, na bado magoti yake yaligusa udongo.

Siku arobaini zilipokwisha alikuja asubuhi, amevaa tai.

“Mulamwa,” akasema, maana hivyo ndivyo mashemeji tunavyoitana, “nyumba haiwezi kukaa bila mwanaume. Mila ni mila.”

“Mila imeniacha mjane wa mgomba,” nikamjibu. “Ukitaka migomba mingine, imesimama nyuma ya jikoni. Chagua uirithi.”

Hakunisemesha mwaka mzima. Mimi nikajishikiza kwa Mungu na kwa jembe, nikalea watoto.

Sasa, wajane wa kanisa letu tuna kikundi. Tunakutana kila Alhamisi. Mwenyekiti ni yule aliyekaa ujane miaka mingi kuliko wenzake, na aliyefiwa juzi ndiye hufagia ukumbi na kuchota maji. Mimi nilianza na ufagio. Nilifika kwenye kiti mwaka 2007, baada ya wakubwa wangu kuondoka mmoja mmoja kwenda kukutana na waume zao. Phelista, aliyefiwa mwaka 1998, ndiye aliyenifuata kwa ujane. Na alinifuata kama mtu anayekufuata kwenye foleni, ndoo mkononi, pumzi yake shingoni mwako.

Mtu asiyejua atasema, kiti cha wajane ni kitu gani? Ni kiti cha mbao chenye mguu mmoja mfupi. Lakini sikuwa na kingine. Sikuwa na picha ya mume wangu, sikuwa na barua, sikuwa hata na mifupa. Nilikuwa na neno moja tu, mjane, nalo nilikuwa nimelitunza kama watu wanavyotunza moto chini ya majivu.

Siku ile ya 2022 nilirudi kutoka dukani na kilo ya sukari, nikamkuta Wabwile amesimama ndani ya boma langu na mgeni, kando ya kaburi. Mgeni alikuwa msichana mwembamba, hijabu ya kijani, buti za matope, na begi mgongoni lililomzidi mabega.

“Na huyu ni nani?” msichana akauliza.

“Huyu,” Wabwile akasema haraka, “ndiye anatunza kaburi.”

Haukuwa uongo. Niliweka sukari chini nikampa mgeni mikono miwili. “Karibu, mwanangu. Mimi ni Nakhungu. Mke wa Bethwel.”

Aliniangalia kama mtu aliyekutana na maiti ikitoka dukani.

“Nakhungu?” akasema. “Nakhungu yupi?”

“Kwani unatafuta wangapi?”

Akataka kucheka, kicheko kikakwama. Nikamletea chai, akainywa ikiwa bado inachemka, akaungua ulimi, akasema ni tamu. Nikadhani labda ni viatu vyangu vilivyomshtua. Alisema anaitwa Bilan, nyumbani kwao ni Kitale, na kazi yake ni kutengeneza filamu za kweli, zisizo na waigizaji. Babu yake Msomali alikuwa baharia, akazeekea Cardiff, bandari ya huko Wales, pamoja na Waafrika wengi walioshuka melini wakiwa vijana na hawakupanda tena. Walijenga mitaa kule, wakazaa, wakazikwa, na hakuna mahali walipoandikwa. Hao ndio alikuwa akiwatafuta.

Akasoma msalaba. “Elfu moja mia tisa hamsini na moja hadi tisini. Mama, alikufa mwaka huo?”

“Huo ndio mwaka tuliomzika.”

Akaweka kikombe chini taratibu. “Mama, mimi niliongea na mzee Bethwel mwaka 2018. Alikuwa rafiki wa babu. Nilimrekodi. Alifariki mwaka uliofuata.”

Nikatafuta pa kukaa. Kitu cha kukalia kilichokuwa karibu kilikuwa kaburi, nikaketi juu ya saruji. Ndivyo ilivyokuwa: nilikaa juu ya kaburi la mume wangu nikiambiwa kwamba hayumo.

“Mungu ni mkubwa!” Wabwile akapaza sauti. Kisha kwa sauti ndogo, “Alisema nini?”

“Mengi, mzee.”

“Kama nini?”

“Bado naunganisha.”

“Sawa, unganisha. Lakini alisema nini?”

Upande wa pili wa michongoma, mti mmoja ulitikisika pasipo upepo. Kabla ng'ombe hawajakamuliwa jioni ile, Sirisia nzima ilijua kwamba mume wa Mama Khisa alikuwa ameishi Ulaya karibu miaka arobaini, na kwamba koti lake limeozea kwenye mgomba.

Alhamisi ikafika. Phelista akanyoosha mkono kwa adabu, kama mwanafunzi.

“Yangu ni ya utaratibu tu,” akasema. “Mama Khisa amefiwa 2019. Sio mimi nimesema, ni msichana wa kamera. Basi kwa ujane, yeye ndiye mtoto wetu.” Akatupa jicho kwa ufagio nyuma ya mlango. “Na hiyo ni kama alifiwa. Mwanaume akiishi miaka yote hiyo na hata salamu hakutumii, si hujafiwa? Umeachwa, bana. Na walioachwa hawana kikundi hapa.”

Hakuna aliyecheka. Hilo ndilo lililonitisha. Mchungaji, kijana mpole anayeogopa mikutano ya wanawake kuliko anavyomwogopa Shetani, akajikuna shingo akasema tungoje filamu. “Filamu ndiyo itasema,” akasema. Hivyo ndoa yangu ikapelekwa kuhukumiwa na picha.

Nilipalilia maharagwe wiki ile huku nikimwona mwanamke. Kila siku alikuwa mwingine: leo mnene, kesho mwembamba, lakini daima mweupe, daima amekaa karibu na Bethwel kwenye kochi, wanacheka. Mume aliyekufa ni wako peke yako. Mume aliyekuacha ni wa kila mtu. Kila mtu ana la kusema juu yake, hata msagaji wa unga. Nilimwomba Mungu mambo mawili yasiyopatana: kwamba Bethwel awe alinikumbuka, na kwamba asiwe aliteseka.

Bilan alirudi mara tatu na kamera yake na kipaza sauti chenye manyoya kama mtoto wa sungura. Alitaka nitembee kwenda kaburini. Nikatembea. Akataka nitembee tena, kawaida tu. Mtu akikwambia utembee kawaida, miguu husahau. Mara ya nne nilikuwa nachechemea. Akaniomba nisali kando ya msalaba, nikasali, na katikati ya sala ng'ombe wa Phelista akalia.

“Samahani, mama. Tunaweza kurudia?”

“Hapana, mwanangu,” nikamwambia. “Ile ilishafika.”

Wabwile ndiye hakuchoka. Alipaka nywele rangi nyeusi. Alikuja na fimbo aliyokuwa hajawahi kuihitaji. Alieleza jinsi alivyompenda kaka yake, jinsi alivyokata mgomba kwa mikono yake hii miwili, na alipofika mahali pa machozi alimgeukia Bilan, “Tuludie hapo. Hiyo kamela ilikuwa mbali.” Wakarudia. Akalia vizuri zaidi.

“Na barua, mzee?” Bilan akamwuliza.

“Barua? Hata moja haikufika. Kama tungejua mahali ako, mimi ningekosa kumwandikia ndugu yangu? Kalani mzima?”

“Una uhakika?”

Wabwile akaelekeza fimbo. “Kama hilo kaburi.”

Bilan alichukua muda mrefu sana kufunika kile kioo cha kamera yake.

Mwezi uliofuata aliniita Kitale. Nilimkuta mtaa wa Kibomet, nyumbani kwa mama yake Zaitun, katika chumba cha nyuma ambacho walikuwa wameziba kuta kwa magodoro ili sauti isitoroke. Zaitun alinikaribisha kwa anjera, chapati zao laini za Kisomali, na chai ya tangawizi. Naye ni mjane. Tuliketi magoti yakigusana kama tuliosoma pamoja.

“Sisi tunakaa eda miezi minne na siku kumi,” akaniambia, “halafu mtu anaendelea na maisha. Nyinyi mnakaa mpaka lini, dada yangu?”

“Mpaka kikundi kichague mwenyekiti mwingine.”

Akacheka mpaka akashika ukuta. Bilan hakucheka. Alingoja mama yake atoke na sinia, kisha akageuza kioo cha kompyuta kuelekea kwangu. Pale palikuwa na mzee ameganda, mdomo wazi, kichwa kipara, sweta ya kijivu. Sikumjua. Halafu nikayaona masikio. Khisa ana masikio hayo hayo. Tangu utotoni yamekuwa yakitangulia kuingia mlangoni.

“Mama,” Bilan akasema, “kuna kipande hapa. Nikikiacha, kuna mtu kitamuumiza. Nikikitoa, filamu itabaki nzuri tu, watu watapiga makofi. Lakini itakuwa inadanganya. Nimeshindwa kuamua. Kiangalie, uniambie.”

Kidole chake kilikuwa juu ya kitufe. Nilikiona kinasita, nikajua ni yule mwanamke wa kwenye kochi.

“Usibonyeze,” nikasema.

“Mama, afadhali ukione hapa kuliko mbele ya watu.”

“Nikikiona hapa nitakuomba ukikate. Mimi najijua.” Nilikuwa nimeshika mkoba wangu kwa mikono yote miwili kama mtu aliye sokoni. “Huyu mtu tumemweka chini ya ardhi miaka thelathini na miwili akiwa hana hatia. Leo amepata nafasi ya kusema. Mimi ni nani nimzibe mdomo mara ya pili? Kama kuna mwanamke, aonekane.”

“Mama, si…”

“Usikate hata neno.”

Akainamisha kichwa. Nilirudi Sirisia nikiwa nimejihukumu mwenyewe, na nilipofika nilifagia ukumbi wa kanisa bila kuambiwa, nione ufagio unakaaje mkononi baada ya muda mrefu hivyo.

Tuliitazama Jumamosi alasiri, humo humo ukumbini. Wajane walileta mablanketi ya kuziba madirisha. Phelista alikataa shuka la mtu mwingine yeyote kutundikwa ukutani ila lake, jeupe, lililopigwa pasi. Alitaka aibu yangu ionekane juu ya kitambaa safi. Watu walijaa mpaka kwenye vizingiti. Khisa alikuja kutoka Bungoma mjini, akaketi kushoto kwangu akikunjakunja programu ya ibada ya Jumapili iliyopita. Wabwile alikuwa amemwuliza Bilan kama kaka yake alimtaja, naye Bilan akamjibu ndiyo, kwa jina. Kwa hiyo alikuwa amealika watu hadi kutoka Kachibora, akaketi katikati ya safu ya mbele, fimbo katikati ya magoti. Phelista aliketi nyuma yangu. Nilisikia pumzi yake.

Kwanza ikaja bahari, kisha mitaa ya mvua, kisha wazee Waafrika wamevaa kofia za sufu wakicheza karata. Halafu Bethwel. Alikohoa, akasema kwa Kiswahili kilichoota kutu, “Hamjambo nyumbani?”

“Hatujambo!” ukumbi mzima ukaitikia, na wazee wawili wakasimama.

Akaeleza meli. Akaeleza jiko la meli, ambako alimenya viazi kutoka Mombasa mpaka upande wa pili wa dunia. Akaeleza jinsi meli ilivyomwacha akiwa mgonjwa hospitalini, na babu yake Bilan akamchukua akamlaza kwenye kochi lake kwa miezi sita. Niliona lile kochi. Halikuwa na mwanamke. Kisha picha ikabadilika, akatokea Wabwile na nywele zake nyeusi, na watu wa Kachibora wakapiga makofi.

“Barua? Hata moja haikufika,” akasema Wabwile wa ukutani.

Picha ikarudi kwa Bethwel. Alikuwa amefungua kopo la biskuti, na ndani yake akatoa bahasha. Aliishika mbali na macho, kama wazee wanavyofanya, akasoma.

“‘Kaka mpendwa. Barua zako zote nimezipata. Nasikitika kukujulisha kwamba mkeo Nakhungu ametutoka mwezi wa tatu kwa malaria, na tumemzika vizuri. Watoto wamechukuliwa na wajomba zao, wametulia. Ukirudi utawasumbua bure. Shamba nitalitunza. Ndimi nduguyo, Wabwile.’” Akaikunja. “Hiyo ni ya mwaka 1983.”

Ukumbi wote ukageuka kuniangalia, kuhakikisha. Phelista akanifinya bega, akalifinya tena kwa nguvu zaidi.

“Mama Khisa,” akaninong'oneza, “kumbe wewe ndiye marehemu.”

“Nyamaza. Nasikiliza.”

“Hapana, nasema tu… marehemu tangu themanini na tatu…” Nilimsikia akihesabu, pumzi yake ikipanda na kushuka. Mwishowe akasema, kwa sauti ya mtu anayetua ndoo chini, “Basi kiti ni chako. Nani ataweza kushindana na hiyo?”

Bethwel alikuwa bado anaongea, na nilikuwa nimemngoja muda mrefu.

Alisema hakuwa na karatasi za kusafiria kwa miaka mingi, na alipozipata hakuwa na uso wa kurudi kwenye nyumba tupu. Lakini aliijua mila. Mke amekufa na yeye hakuuona mwili. Basi akaenda sokoni kutafuta mgomba, akazunguka Cardiff nzima akiuliza, watu wakimwelekeza kwenye maduka ya maua. Mwisho akanunua ndizi, kichana kimoja, akazifunga kwenye kitambaa kipya cha kichwa, akaenda na babu yake Bilan kwenye bustani nyuma ya bandari wakachimba. Hakukuwa na mchungaji. Msomali akasoma dua zake, naye Bethwel akaimba wimbo wa kwetu wa mazishi, peke yake, sauti zote nne. Hapo ndipo polisi alipotokea.

“Akauliza, mnazika nini? Nikamwambia, mke wangu.” Bethwel wa ukutani akaanza kutikisika kwa kicheko, na machozi yakimtoka pamoja nacho. “Akatushika mikono! Akaita wenzake! Wakafukua, wakakuta ndizi. Yule polisi akaniangalia sana. Mimi sikuwa na Kiingereza cha kumweleza. Nililia tu. Basi akazifunga tena, akazirudisha mwenyewe, akavua kofia.”

Watu walikuwa wakicheka na kulia, hawajui waanzie wapi. Mchungaji alikuwa ameziba uso kwa leso. Bethwel akapangusa macho, akasema baada ya miaka minane alioa mama mmoja wa huko, mpole, naye pia amemzika. Nilingoja moyo uniume. Nikapiga hesabu: mimi nilimzika baada ya miaka kumi, yeye akaoa baada ya minane ya kunilia. Hakuna aliyekuwa na deni la mwenzake. Khisa alikuwa ameshika mkono wangu, na mkono wake ulikuwa umelowa.

Ndipo fimbo ilipogonga sakafu. Wabwile alikuwa amesimama katikati ya safu ya mbele, na hakukuwa na njia ya kutoka ila kupita mbele ya ile taa inayotupa picha. Watu wa Kachibora walikunja miguu wampishe.

“Mulamwa,” nikamwambia, sauti yangu ikiwa tulivu kuliko nilivyotarajia, “keti. Kaka yako hajamaliza.”

Akasimama kidogo hapo hapo kwenye mwanga, na uso wa Bethwel ukamwangukia mgongoni, juu ya koti, ukaendelea kusema. Kisha akavuta mguu, akatembea kuelekea mlangoni, uso ule ukiteleza kutoka bega moja hadi jingine mpaka ukarudi kwenye shuka. Mlango ukafunguka. Jua la alasiri likaingia hadi ukutani likafuta kila kitu, ikabaki sauti tu, ya mzee akicheka mbali. Wabwile hakugeuka. Alitoka, akauacha mlango wazi.